Joto la Bwawa Huondoka Usiku

  

Kipupwe kimetukalia. Ndugu zetu wa Njombe, Mbeya, Iringa, Lushoto na Arusha hawahitaji kuambiwa. Makoti yametoka sandukuni, na mtu akiamka alfajiri huanza kwa kujadiliana na blanketi. Ng'ambo ya mpaka hali ni hiyo hiyo: Nairobi, Limuru, Eldoret, Julai ikiingia mawingu hukaa juu ya vichwa vya watu hadi mchana, na jua likichungulia ni kwa saa chache tu.

Msimu huu, ukienda kwenye bwawa la kuogelea la shule huko nyanda za juu utakuta maji safi, yanang'aa, na hakuna aliyemo ndani. Watoto wamejipanga ukingoni, mikono kifuani. Mmoja anatia kidole cha mguu, anakirudisha upesi. Mwalimu anapuliza filimbi mara ya kwanza, mara ya pili, hakuna anayeruka. Na anayeruka hutoka midomo ikitetemeka kabla somo halijafika nusu.

Basi leo tuzungumze juu ya jambo hilo: namna ya kupata maji ya vuguvugu kwenye bwawa kwa msaada wa jua na kifuniko cha plastiki kinachoelea juu ya maji. Wauzaji wengi hukiita kifuniko cha jua.

Najua kuna anayesema: "Bwawa la kuogelea? Hayo ni mambo ya wenye nazo. Mimi nina pipa la maji tu." Nakuomba usizime redio. Mabwawa yapo mashuleni ambako watoto wetu wanajifunza kuogelea, yapo kwenye hoteli na nyumba za wageni ambako ndugu zetu wameajiriwa, na huenda wewe mwenyewe ndiye unayelitunza la bosi wako. Halafu nitakayoyasema juu ya bwawa yanafanya kazi hata kwenye beseni. Tutafika huko.

Tuanze na swali. Joto la bwawa huenda wapi?

Bwawa hukaa juani mchana kutwa. Jua linapenya maji, linafika hadi kwenye vigae vya chini, na maji yanapata joto. Ikifika saa kumi jioni, ukitia mkono, unasema: aa, leo afadhali. Kesho yake saa moja asubuhi unatia mkono tena, na maji ni ya baridi kali. Nani amelichukua lile joto?

Wengi watajibu kwamba limepotea ardhini au kwenye kuta. Kiasi kidogo, ndiyo. Lakini sehemu kubwa ya joto huondokea juu, kwenye uso wa maji, na njia yake kubwa kuliko zote ni mvuke. Wizara ya Nishati ya Marekani, ambako mabwawa ya nyumbani ni mengi sana, inakadiria kwamba kama asilimia 70 ya joto linalopotea kwenye bwawa huondoka kwa njia hiyo. Nirudie: katika kila sehemu kumi za joto linalotoroka, saba hutoroka na mvuke.

Ukipita kando ya bwawa alfajiri ya baridi, kabla jua halijachomoza, utaona kitu kama moshi mwembamba kinatambaa juu ya maji. Tazama vizuri. Huo si umande unaoshuka. Ni maji yanayopanda yakiwa mvuke, yakikutana na hewa ya baridi na kuonekana kwa macho. Joto la jana linaondoka, nawe umesimama unalitazama.

Sasa utaniuliza: mvuke kidogo namna hiyo unawezaje kupoza bwawa zima? Swali zuri. Jibu lake bibi zetu walilijua bila kwenda shule. Unaukumbuka mtungi wa udongo, ule wa maji ya kunywa? Unawekwa kivulini, penye upepo, na ngozi yake ya nje daima ina unyevunyevu. Maji yanapenya kidogo kidogo kwenye udongo, yanafika nje, yanageuka mvuke, na kila tone linaloondoka linachukua joto la maji yaliyobaki ndani. Ndiyo maana maji ya mtungi ni ya baridi hata mchana wa Februari. Bwawa lililo wazi linafanya kazi ya mtungi, usiku na mchana, bila kutumwa na mtu. Tofauti ni kwamba kwenye mtungi tunaitaka baridi ile, na kwenye bwawa hatuitaki.

Tufanye hesabu moja ndogo, kisha tuiache. Joto linalohitajika kugeuza lita 1 ya maji kuwa mvuke ni sawa na joto la kupasha lita 580 hivi za maji kwa nyuzi 1. Lita moja tu inayopaa inapoza zaidi ya lita mia tano zilizobaki.

Tuchukue bwawa dogo la nyumba ya wageni: urefu mita 8, upana mita 4, kina cha wastani mita 1 na nusu. Tuseme kwa siku moja maji yamepungua milimita 4 kwa sababu ya mvuke. Milimita 4 ni kitu gani? Hata ukitazama kwenye kigae hutaona. Lakini kila milimita 1 kwenye mita 1 ya mraba ni lita 1, kwa hiyo bwawa hilo limepoteza lita 128, yaani zaidi ya ndoo sita za lita ishirini. Na ndoo hizo sita zimeondoka na joto la kutosha kushusha bwawa lote kwa nyuzi moja na nusu. Hiyo ni siku moja. Kesho nayo ina yake.

Wahenga walisema, mali bila daftari huisha bila habari. Joto la bwawa ni mali ya aina hiyo. Hakuna anayeliandika, hakuna anayelisikia likitoka, na asubuhi watu wanalilaumu jua kwamba limekuwa dhaifu.

Basi tiba ni nini? Ni kufunika. Mvuke hauwezi kupaa iwapo uso wa maji umezibwa, na kwa hiyo lile joto kubwa linabaki ndani. Naomba hili tulishike vizuri, kwa sababu hata wauzaji hulichanganya: kazi kubwa ya kifuniko ni kulinda joto. Jua ndilo linalopasha. Kifuniko kinazuia yale yaliyopashwa yasipotee.

Kifuniko chenyewe kikoje? Umewahi kununua televisheni au vyombo vya glasi, ukakuta vimezungushiwa plastiki yenye viputo vya hewa, ile ambayo watoto hupenda kuipasua kwa vidole? Kifuniko cha jua ni ndugu wa plastiki hiyo, ila ni kinene zaidi, kigumu zaidi, na kimetiwa dawa ya kustahimili miale ya jua. Kwa kuwa kina hewa, kinaelea chenyewe. Hakihitaji kamba wala nguzo.

Sasa swali ambalo linawakosesha watu wengi: viputo vinatazama juu au chini? Vinatazama chini, vinagusa maji. Upande laini ndio unaotazama anga. Hewa iliyo ndani ya viputo ni kizuizi cha joto, na inatakiwa ikae kati ya maji na hewa ya nje. Ukikigeuza, mashimo yaliyo kati ya viputo yatakusanya vumbi, majani na maji ya mvua, na kazi ya kukisafisha itakuchosha. Viputo chini, upande laini juu.

Na rangi je? Wapo wanaofikiri kifuniko cheusi ndicho kitakachopasha zaidi, kwa sababu kitu cheusi kikianikwa juani huchoma mkono. Ni kweli kinachoma, lakini joto hilo linaishia kwenye plastiki na maji ya juu kabisa. Kifuniko kinachopitisha mwanga, cheupe cha kuona ndani au cha buluu hafifu, kinaacha jua lifike chini na kupasha maji yote. Nacho hupunguza nguvu ya jua kidogo, kati ya asilimia 5 na 15, lakini unachookoa kwa kuzuia mvuke ni kikubwa kuliko hicho. Kisichopitisha mwanga hukata jua zaidi.

Mtu mwingine atauliza: turubai la lori je, halifai? Litazuia mvuke, ndiyo, lakini ni zito, linazama katikati, mvua ikinyesha linakuwa bwawa juu ya bwawa, na jua halipiti. Nailoni ya kitalu nyumba, ile ya wakulima wa nyanya na pilipili hoho, inafaa kuliko turubai kwa sababu inapitisha mwanga. Ila ni nyepesi. Upepo ukivuma utaikuta imejikunja kona moja, na hapo nusu ya bwawa iko wazi na umerudi ulikotoka.

Haya, umekipata kifuniko. Unakiwekaje? Kitandaze juu ya maji, viputo chini, kikiwa kikubwa kuliko bwawa. Usikimbilie mkasi. Kiache siku moja au mbili kikae juani, mikunjo ya kiwandani ilainike. Kisha zunguka ukingoni taratibu, ukate ukifuata mstari wa maji. Plastiki iguse ukuta bila kupanda juu yake. Kikipanda ukutani upepo utapata pa kushika. Kikipungua, mvuke utapata mlango. Kama bwawa ni kubwa, kikate vipande viwili au vitatu vinavyokaa bega kwa bega, ili watu wawili waweze kukitoa bila kupigana nacho. Shule zenye uwezo huweka rola, yaani bomba refu lenye mpini wa kuzungusha, na kifuniko kinaviringishwa hapo.

Ndugu msikilizaji, hapa ndipo penye kiini cha mazungumzo yetu, kwa hiyo nitasema polepole. Kifuniko kinafanya kazi kikiwa juu ya maji. Utacheka, utasema hilo nani asiyelijua? Lakini tembelea mabwawa yenye vifuniko uone ni vingapi vimeviringishwa pembeni, vumbi limejaa, mijusi imefanya makao. Vilinunuliwa kwa fedha nyingi. Wiki ya kwanza kila mtu alivifurahia. Wiki ya tatu mlinzi alifikiri ni kazi ya mtunza bustani, mtunza bustani akafikiri ni kazi ya mwalimu wa michezo, na kifuniko kikabaki pembeni.

Kwa hiyo pangeni mtu. Pangeni na saa. Jioni, waogeleaji wa mwisho wakitoka, tuseme saa kumi na mbili, bwawa lifunikwe mara moja, kwa sababu usiku ndio wenye baridi na ndio wenye hasara ambayo hakuna jua la kuifidia. Asubuhi lisifunuliwe mpaka watu wako tayari kuingia. Kama somo ni saa tano, funua saa tano kasorobo. Kama leo hakuna anayeogelea, liache limefunikwa mchana kutwa, jua likipita kwenye plastiki kupasha maji. Fanya hivyo siku tano au sita mfululizo, uwe na kipimajoto cha bei nafuu kilichofungwa kamba, na uandike kila asubuhi saa moja. Utaona nyuzi za joto zinapanda kidogo kidogo.

Zitapanda kiasi gani? Sitakuahidi maji ya kuoga mtoto mchanga. Tegemea nyuzi chache, kwa kadiri ya jua na upepo wa mahali ulipo. Lakini nyuzi chache ni nyingi kwa mwili. Mashindano ya kimataifa ya kuogelea hufanyika kwenye maji ya nyuzi 25 hadi 28, na watoto wadogo wanaojifunza huhitaji zaidi ya hapo. Maji yaliyopanda kutoka nyuzi 20 hadi 24 yanampa mwalimu muda wa kumaliza somo lake.

Na upepo usiusahau. Upepo ukipita juu ya maji huondoa hewa yenye unyevu na kuleta kavu, na mvuke huongezeka mara kadhaa. Ua wa michongoma au ukuta mfupi upande wa kusi unapotokea utakusaidia hata saa ambazo bwawa liko wazi.

Tuhamie kwenye fedha kidogo. Kwa hoteli zinazopasha bwawa kwa umeme au kwa gesi, Wizara ile ile ya Marekani inasema kifuniko kinaweza kupunguza gharama ya kupasha kwa asilimia 50 hadi 70. Kupasha bwawa lililo wazi usiku ni kununua joto na kulimwaga hewani. Funika kwanza, ndipo ufikirie kununua mashine. Pengine hutaihitaji.

Kisha kuna maji yenyewe. Hapa nawageukia ndugu zetu wa pwani, Dar es Salaam, Tanga, Unguja, Mombasa. Nyinyi shida yenu si baridi. Januari mabwawa yenu yana joto hadi yanachosha, na kuyafunika mchana ni kuyazidishia. Lakini anayejaza bwawa kwa kununua boza la maji anajua kila ndoo ina bei. Kwenu kifuniko kina kazi ya kulinda maji. Na kama mnashuku maji yanapungua kupita kiasi, kuna jaribio rahisi. Weka ndoo yenye maji kwenye ngazi ya bwawa, maji ya ndani na ya nje yakiwa usawa mmoja. Tia alama. Kesho saa kama hiyo tazama. Ndoo ikipungua sawa na bwawa, mwizi ni mvuke. Bwawa likipungua zaidi ya ndoo, kuna ufa au bomba linavuja, na hapo mtafute fundi.

Sasa, yapo ya kuangaliwa kwa makini. Nitayataja matatu.

La kwanza ni dawa. Kifuniko kinahifadhi klorini, kwa sababu jua huiunguza klorini haraka. Utatumia kidogo kuliko zamani. Lakini siku unapotia dozi kubwa ya kusafisha, acha bwawa wazi mpaka nguvu ya dawa ishuke. Ukifunika papo hapo, dawa kali itakusanyika chini ya plastiki na kuila. Vilevile maji ya vuguvugu hubadilika kuwa ya kijani upesi kuliko ya baridi, kwa hiyo pampu na kichujio viendelee kufanya kazi, na pima maji mara kwa mara.

La pili ni uangalizi wa kifuniko chenyewe. Kikiwa kimeviringishwa, usikiache juani. Joto hujikusanya kati ya tabaka na viputo vinapasuka kimoja kimoja, mpaka unabaki na nailoni bapa. Kiweke kivulini, au kifunike kwa shuka jeupe. Huko milimani msidanganywe na hewa baridi. Miale ya jua kule juu ni mikali.

La tatu ndilo kubwa, na wenye watoto nawaomba mkae karibu. Kifuniko cha jua hakimzuii mtu kuzama. Kinaonekana kama sakafu, lakini mtoto akikanyaga kinazama pamoja naye, kinamkunjia, kisha kinajifunga juu yake, na aliye nje haoni kitu. Hata mwogeleaji hodari akinaswa chini yake anaweza kushindwa kupata pa kutokea. Kwa hiyo hakuna kuogelea bwawa likiwa limefunikwa nusu. Ama kifuniko kimetoka chote, ama hakuna anayeingia. Na ua wenye lango linalojifunga lenyewe ubaki palepale, kana kwamba kifuniko hakipo.

Nilikuahidi habari ya beseni. Wewe usiye na bwawa, na hasa nyinyi wanafunzi, fanyeni jaribio hili. Chukueni mabeseni mawili yanayofanana, tieni maji sawasawa, muyaweke juani tangu saa tano asubuhi. Moja liacheni wazi. La pili litandazeni nailoni safi inayogusa maji, ukingo hadi ukingo. Saa kumi jioni tieni mkono kwenye yote mawili. Yaacheni nje usiku kucha. Asubuhi tieni mkono tena, kisha pimeni kwa rula ni lipi limepungua. Mtaona wenyewe, na mtaweza kumweleza mwalimu sababu yake.

Muda wetu unayoyoma, basi tukusanye tuliyoyasema. Moja: joto la bwawa huondoka kwa mvuke, na usiku ndio wenye hasara zaidi. Mbili: kifuniko kinachopitisha mwanga, viputo chini, kinalinda joto ambalo jua limelitoa bure. Tatu: kifuniko bila mtu wa kukitandaza kila jioni ni fedha iliyolala pembeni. Na nne, kabla ya yote hayo: kifuniko hakilindi mtoto, mtu mzima na lango ndivyo vinavyomlinda.

Mwalimu mkuu unayenisikiliza, na wewe meneja wa hoteli, kesho asubuhi kabla ya kuuliza bei ya kifuniko, kaeni na wafanyakazi wenu mkubaliane kwanza ni nani atakayekivuta saa kumi na mbili jioni, na siku yake ya mapumziko nani atashika zamu. Mkishalimaliza hilo, mengine ni mepesi.